Ennio Morricone: Sinema ilimpa nini, ikamnyima nini?

Usiku wa tarehe 10 Januari 2016, kwenye hafla ya tuzo za Golden Globe huko Beverly Hills, mwongozaji Quentin Tarantino alipanda jukwaani kupokea tuzo kwa niaba ya mzee wa miaka 87 aliyekuwa kwake Roma. Akasema Ennio Morricone ndiye mtunzi anayempenda kuliko wote, na kwamba hamaanishi wale wa "ghetto" ya muziki wa filamu. Anamaanisha Mozart, Beethoven na Schubert. Alisema pia kwamba mzee huyo hajawahi kupata tuzo ya Marekani kwa filamu yoyote moja, na hapo aliteleza, maana Golden Globe yenyewe alikuwa ameshaipata mara mbili. Watu wakamrukia Tarantino kwa neno "ghetto", mjadala ukaishia hapo. Mzee mwenyewe alipoulizwa alijibu kwa utulivu kwamba hayo ni ya historia kuamua, na historia ipewe karne mbili hivi kwanza.

Mimi kilichonikaa moyoni si neno lile. Ni kwamba sifa yenyewe ilikuwa na dharau ndani yake, japo msemaji hakuikusudia. Ili kumsifu mtunzi wa filamu kwa kiwango cha juu kabisa, Tarantino aliona ni lazima kwanza amtoe kwenye filamu, amvushe mto, amkalishe na wakubwa wa ng'ambo ya pili. Nayo dharau hiyo Morricone aliishi nayo tangu ujanani. Alitendewa na walimu na wenzake, na kwa miaka mingi aliibeba yeye mwenyewe. Kwa hiyo kuna swali ambalo wapenzi wa muziki wake hatuna budi kulikabili bila kujificha nyuma ya mapenzi: je, sinema ilimfanya mtunzi huyu, au ilimla?

Alizaliwa Roma tarehe 10 Novemba 1928, mtoto wa Mario Morricone, mpiga tarumbeta. Baba ndiye aliyemfundisha chombo hicho, na wakati wa vita, mji ukiwa mikononi mwa Wajerumani na baadaye Wamarekani, kijana alikuwa akienda kumshikia baba yake zamu kwenye kumbi walizostarehe wanajeshi. Ujira wakati mwingine ulikuwa chakula. Uzeeni alisimulia kwamba kupuliza tarumbeta ili apate kula lilikuwa jambo la fedheha kwake. Nadhani wengi wanaoandika juu yake hulipita jambo hili haraka mno. Kabla hajatunga nota moja ya filamu, alikuwa ameshaonja muziki unaolipwa kwa mkate, na ladha yake haikuwa tamu.

Akasoma kwenye chuo cha muziki cha Santa Cecilia, akapata stashahada ya tarumbeta mwaka 1946 na ya utunzi mwaka 1954, chini ya Goffredo Petrassi, mmoja wa watunzi walioheshimiwa sana Italia ya wakati huo. Mwaka 1957 aliandika konserto ya okestra na kumtunukia mwalimu wake. Mwaka 1958 alikwenda Darmstadt, Ujerumani, walikokutana watunzi waliokuwa wakiubomoa muziki wa zamani na kuujenga upya, akamsikia huko mtunzi Mmarekani John Cage. Hiyo ndiyo njia aliyokuwa ameichagua. Lakini alikuwa ameoa mwaka 1956, mtoto wa kwanza alikuwa ameshazaliwa, na konserto hailipi kodi ya nyumba. Mwaka huohuo wa 1958 shirika la utangazaji la Italia lilimpa kazi. Aliripoti, akaelezwa kwamba muziki unaotungwa na mwajiriwa hautaruhusiwa kurushwa hewani na shirika hilo, akaacha kazi siku ileile. Huyu si mtu aliyekuwa tayari kufanya lolote ili mradi alipwe.

Alichokubali ni kazi ya kupanga muziki wa nyimbo za wengine kwenye kampuni ya santuri ya RCA Italiana. Mwimbaji analeta wimbo na gitaa lake, Morricone anauvalisha: okestra gani, kwaya gani, sauti gani mwanzoni imshike msikilizaji kabla hajaenda zake. Mwaka 1960 Gianni Meccia alileta wimbo kuhusu kopo la bati. Morricone akaingiza sauti ya kopo lenyewe likiviringika. Kwa sikio la wengi ulikuwa mchezo wa kitoto. Ila mtu aliyetoka Darmstadt alijua anachofanya, maana huko mabingwa walikuwa wakibishana kama kelele ya kitu inaweza kuwa muziki. Yeye alilipenyeza jibu kwenye wimbo wa dakika mbili tatu, likauzwa madukani, likapigwa kwenye baa.

Sasa tuwasikilize wanaosema sinema ilimla. Hoja yao ni nzito kuliko tunavyopenda kukiri.

Kwanza, yeye mwenyewe ndiye shahidi wao mkuu. Filamu yake ya kwanza kwa jina lake ilikuwa Il federale ya mwaka 1961, baada ya miaka kadhaa ya kuwafanyia wengine kazi bila kutajwa. Alimwambia mkewe Maria kwamba mwaka 1970 ataacha filamu arudi kwenye muziki wake. Mwaka 1970 ukafika, akasema 1980. Kisha 1990. Kisha 2000. Alikuwa akisimulia hadithi hiyo na watu wakicheka, lakini mimi nikiisoma sioni kichekesho. Namwona mtu aliyeahirisha jambo lililokuwa kiini cha maisha yake kwa miaka 40, kila mara akiwa na sababu nzuri.

Pili, wingi. Alitunga muziki wa filamu na televisheni kwa kazi zaidi ya 400. Mwishoni mwa miaka ya 1960 na mwanzoni mwa miaka ya 1970 kulikuwa na miaka aliyopita filamu 20. Yeye hakuwapa wasaidizi kazi ya kugawa vyombo, kama ilivyo desturi ya Hollywood. Kila nota ya kila chombo aliiandika kwa mkono wake, mezani, bila piano. Hilo linastahili heshima, lakini lina maana pia kwamba hesabu ya saa haidanganyi. Filamu nyingi kati ya hizo hazikustahili dakika moja ya kipaji chake. Zingine zimesahauliwa kabisa, na mtu akizisikiliza mfululizo atakuta sauti ileile ya kike, kinanda kilekile, hila ileile iliyofanya kazi juzi ikiitwa tena leo.

Tatu, kazi alizoandika kwa ajili ya jukwaa, zisizotumikia picha yoyote, ni zaidi ya 100. Nani anaziimba? Nani anazipiga? Miaka ya mwisho alizunguka dunia akiongoza okestra kwenye viwanja na kumbi za maelfu ya watu, na watu hao walilipa kiingilio wasikie muziki wa filamu za mwongozaji Sergio Leone. Kuna wapiga roki wa Metallica, tangu 1983 huanza maonyesho yao kwa kipande chake cha makaburini kutoka filamu ya 1966. Hakuna anayeanza onyesho kwa konserto ile ya 1957. Mshika mbili moja humponyoka, watakwambia, na hii ndiyo iliyomponyoka.

Nne, na hapa ndipo pananiuma zaidi, mtunzi wa filamu hana nyumba yake. Anaishi kwenye nyumba ya mwongozaji. Mwongozaji Stanley Kubrick alimtaka Morricone kwa filamu yake ya 1971, A Clockwork Orange. Kubrick akazungumza na Leone, Leone akamwambia Morricone ana shughuli na filamu yake. Kazi ikapotea hivyo, kwa maneno ya watu wawili, mwenyewe hayupo. Alisema ndiyo filamu aliyojutia kuikosa kuliko zote. Na hao walioipata kazi ya Kubrick si kwamba walisalimika: Alex North alitunga na kurekodi muziki wa 2001: A Space Odyssey, na mwaka 1968 alipokwenda kuiona kwa mara ya kwanza akiwa ndani ya ukumbi ndipo alipogundua kwamba hakuna nota yake hata moja iliyobaki. Bernard Herrmann, aliyemtungia Hitchcock muziki wa filamu zake kubwa, alifukuzwa mwaka 1966 katikati ya kurekodi kwa sababu studio ilitaka kitu cha kuwavutia vijana. Herrmann alikuwa na opera aliyoimaliza mwaka 1951. Alikufa tarehe 24 Desemba 1975, saa chache baada ya kumaliza kurekodi muziki wa filamu nyingine, na opera yake ilipanda jukwaani mara ya kwanza mwaka 1982.

Basi wenzake Morricone kwa Petrassi walipokunja nyuso, hawakuwa wajinga. Waliona mwenzao mwenye kipaji kikubwa anajikodisha. Ilikuwa aibu ya wazi katika mduara ule, naye Morricone alikiri kwamba alijiona mwenye hatia. Filamu ya Leone ya mwaka 1964, Per un pugno di dollari, ilitoka ikiwa na jina Dan Savio kama mtunzi. Ilikuwa kawaida ya filamu hizo za farasi na bastola zilizotengenezwa Italia kutumia majina ya Kimarekani, na Leone naye alijiita Bob Robertson. Lakini jina la kukopa hukuficha kwa jirani na kwa mwalimu vilevile. (Ni haki kukumbusha kwamba mwalimu mwenyewe, Petrassi, alikuwa amemtungia Giuseppe De Santis muziki wa Riso amaro mwaka 1949. Yaani kosa halikuwa kuingia jikoni. Kosa lilikuwa kukaa huko.)

Nimeyaweka yote hayo mezani kwa sababu nataka hoja ya upande wa pili ishinde kwa haki, ikishinda. Na mahali pa kuianzia ni kituo kimoja cha treni.

Filamu ya Leone ya 1968, ile ya reli inayopita jangwani, inaanza na watu watatu wenye bastola wanaosubiri treni. Kwa dakika kumi na zaidi hakuna muziki wowote. Kuna kinu cha upepo kinacholia kwa kukosa mafuta. Kuna tone la maji linalodondokea kofia ya mmoja wao, to, to, naye hasogei. Kuna nzi anayemsumbua mwingine usoni mpaka anamnasa ndani ya mtutu wa bastola na kuziba kwa kidole, na nzi anaendelea kuvuma humo ndani. Mtu akikuuliza muziki wa Morricone uko wapi hapo, jibu ni kwamba ndio huo. Yeye mwenyewe alisimulia ulikotoka. Alikuwa amehudhuria onyesho la muziki wa majaribio huko Florence ambapo mtu alipanda jukwaani kimya, akashika ngazi ya mbao, akaanza kuiliza: kwi, kwi, dakika baada ya dakika, mpaka ngazi ikaacha kuwa ngazi na watu wakaanza kusikiliza. Akamsimulia Leone. Leone akaichukua hekima hiyo akaipeleka kituoni.

Tafakari kilichotokea hapo. Onyesho lile la Florence liliwafikia watu wangapi? Waliotosha ukumbi mdogo, na wengi wao tayari walikuwa wameamini. Filamu ile iliwafikia mamilioni, mafundi na mahamali na wanafunzi waliotoroka shule, na ikawafundisha kusikiliza kinu na nzi kama muziki bila kuwaambia kwamba wanafundishwa. Muziki wa Darmstadt ulikuwa ukilia njaa ya wasikilizaji. Morricone aliupeleka sokoni umevaa kofia na buti.

Hakufanya hivyo mara moja. Miaka ya 1960 alikuwa pia mwanachama wa Nuova Consonanza, kundi la watunzi wa Roma waliokaa pamoja na kubuni muziki papo kwa papo, bila karatasi, wakivikwaruza vyombo vyao na kuvitoa sauti ambazo mtengenezaji hakuzikusudia. Yeye alipiga tarumbeta. Mwongozaji Dario Argento alipomwita kwa filamu yake ya kwanza ya vitisho mwaka 1970, na nyingine mbili baadaye, Morricone aliingiza muziki huohuo wa makwaruzo ndani ya studio ya filamu, vipande ambavyo mpigaji anapewa nafasi ya kuamua lini aingie. Baba yake Argento, aliyekuwa mtayarishaji, alilalamika kwamba anarudia muziki uleule katika filamu zote tatu. Masikioni mwake haukuwa na wimbo, basi wote ulikuwa mmoja. Ila hakumzuia, kwa kuwa watazamaji walikuwa wakishika viti kwa hofu. Mtumikie kafiri upate mradi wako, na mradi wake Morricone aliupata.

Kisha kuna upande ambao wenye kuona sinema kama jela hawauoni kabisa: kwamba masharti huzaa. Mwaka 1986 alioneshwa The Mission, filamu ya Roland Joffé kuhusu mapadri Wajesuiti na wenyeji Waguarani huko Amerika ya Kusini katika karne ya 18. Mara ya kwanza alikataa kazi. Alisema filamu ilimliza ikiwa haina muziki, na muziki ungeiharibu. Walipomshawishi, alikuta mambo matatu yameshaamuliwa na hayawezi kubadilishwa. Padri Gabriel anapiga obo kwenye picha, kwa hiyo lazima obo iwepo, na ipigwe kwa namna ya karne yake. Ni filamu ya kanisa la Kikatoliki, kwa hiyo lazima kwaya iimbe kwa mtindo uliotokana na Mtaguso wa Trento, mkutano mkuu wa Kanisa wa karne ya 16. Na Waguarani ni watu wenye ngoma yao, kwa hiyo lazima nao wasikike kwa sauti yao.

Obo ni jamaa ya nzumari yetu ya pwani. Zote zina ulimi wa unyasi wa pande mbili unaotetemeka mdomoni, na ndiyo sababu zote zinaweza kulia kama mtu. Katika onyesho lile padri ameketi juu ya jiwe msituni, peke yake, anajua wenye msitu wamemzunguka na pengine watamuua. Anapuliza. Mwigizaji Jeremy Irons hakuwa mpigaji, lakini vidole vyake kwenye picha vilikuwa vikienda, na picha ilikuwa imeshapigwa. Morricone alilazimika kutunga wimbo unaofuata mwendo wa vidole vya mtu asiyejua kupiga. Sikiliza mwanzo wake kwa makini: unapanda kidogo, unazunguka, unatua, unajizungusha tena kwa vinota vya mapambo kama mtu anayetafuta neno kwa lugha ya wenyeji. Mapambo hayo, ambayo leo yanaonekana kama hayangeweza kuwa vingine, yamezaliwa na vidole vya mwigizaji. Mwisho wa filamu nyimbo tatu zinawekwa pamoja, obo juu ya kwaya juu ya ngoma, na zinakubaliana. Kutungisha nyimbo tatu zipigwe kwa wakati mmoja bila kugongana ni hesabu ngumu ya kanuni za kale, ile aliyoisomea kwa Petrassi. Nani angempa mtunzi wa kumbi sababu ya kuifanya hivyo?

Nilikuwa kwenye misa ya ndoa miaka michache iliyopita, na wakati wa kutoa sadaka mpiga kinanda akaupiga wimbo huo wa obo, polepole. Baadaye nilimuuliza ni wimbo gani. Akaniambia ni wa kanisa, wa zamani sana. Sikumrekebisha. Alikuwa ameuokota kwa mpiga kinanda mwingine, naye aliuokota kwa mwingine, na hakuna aliyejua kwamba una filamu. Wanaosema muziki wa sinema hauwezi kusimama bila picha wanieleze wimbo ule ulikuwa umesimamia nini siku ile.

Hata hivyo siwezi kuruka kutoka hapo hadi kwenye hukumu nyepesi kwamba sinema ni bustani na mtunzi akipandwa humo atachanua. Tukiangalia vizuri, Morricone alikuwa na mambo ambayo watunzi wachache sana waliwahi kuwa nayo. Alikuwa na Leone, waliyesoma darasa moja utotoni Roma, na ambaye kwa filamu ile ya reli alifanya kinyume cha kazi: alitaka muziki utungwe na kurekodiwa kwanza, akaupigisha wakati wa kupiga picha, waigizaji wakatembea ndani yake. Kuna mahali mwigizaji Claudia Cardinale anaingia ofisi ya kituo, kamera inamwangalia kwa dirisha, kisha inapanda ukutani, inapita juu ya paa, mji mzima unafunguka chini yake, na sauti ya mwimbaji Edda Dell'Orso inapanda nayo hatua kwa hatua. Hapo picha ndiyo iliyomfuata mtunzi. Ni waongozaji wangapi watakubali hilo? Wengi humletea mtunzi filamu iliyokwisha kukatwa, imeshabandikwa muziki wa mtu mwingine wa muda, na ombi lao hasa ni: tupe kama huu, lakini usifanane mno tukashtakiwa.

Alikuwa pia na Roma. Walimwahidi jumba Hollywood ahamie, akakataa, na Kiingereza hakujifunza. Aliyemtaka alimfuata, akaongea kwa mkalimani. Mcheza kwao hutunzwa, lakini pia mcheza kwao ana mlango wa kufunga. Na alikuwa na Maria, ambaye hakuwa mwanamuziki wa kusomea, aliyekuwa akisikilizishwa nyimbo kabla ya mwongozaji kuzisikia. Morricone aliona waongozaji wanachagua ulio mbaya kati ya nyimbo anazowapelekea, akaanza kuzipitisha kwanza kwa mkewe, zikabaki nzuri tu.

Kwa hiyo anayemtumia Morricone kumwambia kijana wa leo, "kubali tu kazi ya filamu, kipaji chako kitatoka hata hivyo," anamdanganya. Kijana huyo atapewa siku kumi, bajeti ya kompyuta moja, na mkataba unaomnyang'anya haki zote. Kilichomwokoa Morricone si sinema kwa jumla. Ni kukataa kwake kugawa kazi ya nota zake, kukataa kuhama, kuacha ajira siku ya kwanza, na bahati ya kukutana na watu wachache waliompa nafasi kabla ya picha. Ukiviondoa hivyo unabaki na Herrmann akifukuzwa studio.

Na bado nikipima, mizani inaniangukia upande mmoja. Nadhani wenzake walikosea mahali pa kuuweka mpaka. Waliuweka kati ya muziki wa jukwaa na muziki wa filamu, wakati mpaka wenyewe ulipita ndani ya filamu, kati ya ile ambayo alipewa tatizo la kweli na ile ambayo alipewa tarehe ya mwisho tu. Kopo, ngazi, vidole vya Irons: hayo yalikuwa matatizo ya kweli, na aliyajibu kwa elimu yote aliyokuwa nayo. Boris Porena, aliyesoma naye kwa Petrassi na aliyekuwa mkali juu ya njia aliyoifuata, alimwandikia barua ya kumwomba radhi miaka mingi baadaye, baada ya kuitazama filamu ya mwisho ya Leone ya mwaka 1984. Mtu kukiri hivyo mbele ya mwenzake, na kwa maandishi, si jambo dogo.

Gharama ilikuwepo, nami siifichi. Kuna jambo moja alilosimulia ambalo naliona zito kuliko kukosa filamu ya Kubrick. Baba yake alipozeeka pumzi yake ikapungua, na Morricone, ambaye sasa ndiye aliyewaita wapigaji studio, alijua kwamba hawezi kumwita tena. Basi akaacha kuandika sehemu za tarumbeta, filamu baada ya filamu, ili baba asije akajua kwamba kuna tarumbeta na hakuitwa. Studio ilikuwa mahali pa riziki ya familia, na riziki ina masharti yake, hata kwa mwana.

Maria alimwomba kwa miaka mingi amwandikie misa. Si filamu wala wimbo wa redio. Misa ya kuimbwa kanisani. Akawa anaahirisha, kama alivyoahirisha ile ahadi ya 1970. Hatimaye Wajesuiti wa Roma nao wakamwomba, kuadhimisha miaka 200 tangu shirika lao liliporudishwa, na nashawishika kuamini kwamba wasingemkumbuka kama si yule padri wake juu ya jiwe msituni. Misa hiyo, iliyotungwa kwa heshima ya Papa Fransisko, ilipigwa kwenye kanisa la Gesù mwezi Juni 2015, mtunzi akiwa na miaka 86 na akiiongoza mwenyewe. Miezi minane baadaye, Februari 2016, alisimama Hollywood kupokea Oscar yake ya kwanza ya ushindani, baada ya kuteuliwa na kukosa mara tano. Alisoma kikaratasi kwa Kitaliano, mkalimani pembeni yake. Alisema hakuna muziki mkubwa bila filamu kubwa inayouchochea, kisha akasema ushindi ule na muziki ule ni wa mkewe, Maria.